Baraza, tekani, ndani: Jinsi nyumba ya Lamu ilivyowapanga watu

Tunapotaja Baraza la Mawaziri au baraza la chifu, ni wachache wanaokumbuka kwamba baraza ni kikao cha mawe. Katika Mji wa Kale wa Lamu bado utakiona. Kimejengwa pande mbili za daka, ule ukumbi mdogo ulio mbele ya mlango wa nyumba ya mawe. Hapo mwenye nyumba alipokea watu, akapiga bei, akasuluhisha ugomvi, bila mtu kuingia kwake.

Neno 'ndani' nalo, kwa Waamu, ni jina la chumba. Nyumba zile, nyingi za karne ya 18, zilipangwa kwa kadiri ya ukaribu wa watu. Ukivuka mlango unafika tekani, kijia kinachopinda kusudi jicho la mpita njia lisifike uani. Kisha kiwanda, ua usio na paa. Halafu misana miwili, wa tini na wa yuu, ndipo ufike ndani, chumba cha faragha. Nyuma kabisa ni nyumba kati, walikozaliwa watoto na walikooshwa maiti. Vyumba ni vyembamba, lakini hapo tusisingizie utamaduni: upana uliamuliwa na urefu wa boriti za mikoko!

Binti wa kiungwana alipoolewa, aghalabu mume ndiye aliyehamia kwake. Baba alimjengea ghorofa juu au nyumba jirani, pengine na wikio, chumba kinachovuka juu ya njia, ili wanawake watembeleane bila kushuka mtaani. Basi anayesema eti mji ule umesongamana kwa kukosa mpango, hajausoma. Anachokiona ni ukoo.

Ila tusiishie kwenye sifa. Matumbawe na chokaa vilibebwa na watumwa, nao makao yao yalikuwa orofa ya chini. Waungwana walikaa juu. Utumwa haukufutwa kisheria katika pwani hii hadi 1907, na ngazi za nyumba hizo ni ushahidi ambao wasifu wa 'ustaarabu wa Waswahili' huupita haraka mno.

UNESCO iliutambua mji huo kuwa urithi wa dunia mnamo 2001. Siku hizi nyingi kati ya nyumba hizo zimegeuzwa za kulaza watalii. Asiye jamaa, ambaye zamani asingefika ndani, sasa hulala humohumo kwa malipo.