WITCH ya Zambia: orkestra iliyorudi studio baada ya karibu miaka 40

Kwa sisi watu wa Lubumbashi, Zambia iko karibu kuliko Kinshasa. Malori ya shaba yanavuka Kasumbalesa kila siku, na wengi wetu tuna ndugu Kitwe, Ndola ao Chingola. Lakini historia ya muziki wa jirani huyo tunaijua kidogo sana. Leo ninawaeleza juu ya orkestra moja ya roki ya huko, WITCH, kwa sababu habari yake inatugusa na sisi pia.

WITCH ilianza mwanzoni mwa miaka ya 1970. Jina hilo ni kifupi cha maneno ya Kiingereza yenye maana ya «tunakusudia kuleta vurugu». Mwimbaji wake, Emmanuel Chanda, alikulia Kitwe, na watu walimwita Jagari kwa kumfananisha na Mick Jagger wa Rolling Stones. Pamoja naye walikuwa Chris Mbewe, John Muma, Gedeon Mulenga, Boidi Sinkala na Paul Mumba. Walipiga magitaa ya umeme yenye sauti nzito, wakachanganya roki na midundo ya kwao. Muziki huo uliitwa Zamrock. Rais Kaunda alikuwa ametaka redio ya taifa ipige zaidi muziki wa Wazambia wenyewe, na vijana wa miji ya migodi walipata nafasi ya kusikika. Diski yao Lazy Bones!! ya 1975 inatafutwa hadi leo.

Kisha mambo yakaharibika. Bei ya shaba ilianguka katikati ya miaka ya 1970, na sisi wa Katanga tunajua maana yake: mgodi ukikohoa, mji mzima unaugua. Pesa za kununua diski na kulipa kiingilio zikapungua. Baadaye ukimwi uliua wengi wa kizazi kile cha wanamuziki. Jagari aliacha orkestra, akawa mwalimu wa muziki, halafu akaenda kuchimba mawe ya thamani. Mtu aliyejaza viwanja sasa alishika sururu kama wachimbaji wa kwetu.

Kilichomrudisha ni zile diski za zamani. Watu wa Ulaya na Marekani walizitafuta, na kampuni ya Marekani Now-Again ikazitoa upya. Jagari alianza kuitwa kuimba nje ya nchi. Mwaka 2019 ikatoka filamu juu ya maisha yake. Mwaka 2023 WITCH ilitoa Zango, albamu yao ya kwanza baada ya karibu miaka 40, iliyorekodiwa Lusaka. Kwenye kinanda alikuwa Patrick Mwondela, ambaye alipigia WITCH katika miaka ya 1980. Wengine walikuwa vijana, Wazambia na Wazungu.

Hapo kuna swali. Wale watano niliowataja juu wamekwisha kufa. Je, hiyo bado ni WITCH? Mimi naona jibu liko katika jina la albamu. Zango, kwa Kikaonde, ni mahali pa kukutania, na Wakaonde wako pande zote mbili za mpaka wetu. Anayebaki hawezi kufufua wenzake, lakini anaweza kuwafundisha vijana namna walivyopiga, na kutaja majina yao.

Kwetu, nafasi kama hiyo imepita mara nyingi. Mwenda wa Bayeke, ambaye Hugh Tracey alimrekodi Jadotville, Likasi ya leo, mwaka 1952, alifariki mwaka 1990 katika ajali ya gari huko Zambia. Gitaa lake linasomwa na wageni wa mbali, lakini vijana wangapi wa Kenya ao Katuba wanaweza kupiga wimbo wake mmoja?

Jagari alikuwa na bahati mbili: alikuwa hai, na diski zake zilikuwa zimehifadhiwa. Katika mitaa yetu bado wako wazee waliopiga katika orkestra za miaka ya 1970. Wengine wana kaseti na picha ndani ya masanduku, na panya wanazila. Tuwatembelee, tuwarekodi hata kwa simu, tuandike nani alipiga nini. Tusingoje mgeni atoke mbali kuja kutuambia kwamba tulikuwa na mali nyumbani.