Kwa nini wale wa sabini na mbili walipewa mashamba?

Leo tunashika swali ambalo mmetutumia mara nyingi, na ambalo nalisikia pia bombani: kwa nini Warundi waliokimbilia Tanzania mwaka 1972 walipewa mashamba, na sisi wa leo tunapewa kiwanja cha nyumba na nafasi ya tuta moja la lengalenga nyuma yake?

Jibu ambalo watu hupenda kutoa ni kwamba zamani binadamu walikuwa na roho nzuri. Roho nzuri ilikuwepo, sikatai. Lakini haitoshi kueleza jambo hili. Tuitazame ardhi yenyewe.

Mwishoni mwa Aprili 1972 uasi ulizuka kusini mwa Burundi na Watutsi wengi wakauawa. Serikali ya Rais Micombero ikajibu kwa kuua Wahutu nchi nzima, hasa waliosoma: walimu, wanafunzi, makarani. Makadirio mengi ya waliokufa yanaanzia watu 100,000 kwenda juu. Waliovuka kuingia Tanzania walipita laki moja. Hawakuachwa mpakani. Mkataba wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika wa mwaka 1969 unataka wakimbizi wakae mbali na mpaka wa nchi waliyotoka, kwa usalama wa pande zote. Basi wakapelekwa Ulyankulu katika mkoa wa Tabora, kisha kuanzia 1973 Katumba, karibu na Mpanda. Mwishoni mwa miaka ya 70 yakafunguliwa makazi ya tatu, Mishamo, kwa sababu Ulyankulu ilikuwa imejaa na maji yalipungua. Maelfu waliokwisha kulima na kujenga Ulyankulu wakapandishwa tena malori, wakaanze upya.

Walishushwa katika pori la miombo. Kulikuwa na simba, nguruwe pori waliokula mihogo, na mbung'o. Walipewa mashoka, majembe, mbegu, na chakula cha kuwafikisha kwenye mavuno. Mishamo kila familia ilipimiwa hekta 5, yaani ekari 12 hivi. Linganisha na hatua unazopiga kuzunguka nyumba yako. Ndani ya miaka michache posho ilikatwa kwa sababu haikuhitajika tena. Walilima mahindi, maharage na mihogo, wakauza ziada, na wengi wakaingia kwenye tumbaku. Kufikia mwaka 1985 makazi yote matatu yalikuwa yamekabidhiwa kwa serikali ya Tanzania, na misaada mikubwa ya UNHCR ilikuwa imekoma.

Sasa jiulize: pori kubwa kiasi hicho lilikuwa tupu kwa nini? Hapo ndipo historia inapokuwa ndefu kuliko tulivyofundishwa darasani.

Karne ya 19 nchi ile haikuwa tupu. Upande wa Urambo, jirani na Ulyankulu, ulikuwa kitovu cha dola ya Mirambo, mtawala wa Wanyamwezi aliyefariki mwaka 1884. Misafara ya pembe na ya watumwa ilipita kati ya Tabora na Ujiji, nayo iliacha vita na vijiji vilivyohama. Miaka ya 1890 ikaja sotoka, ikamaliza ng'ombe. Panapokosekana ng'ombe na jembe, vichaka hurudi; vichaka vikirudi, wanyama pori hurudi; na mbung'o huwafuata wanyama, akibeba malale. Baadaye, miaka ya 1920 na 1930, serikali ya Waingereza ilipambana na malale kwa kuwaondoa watu waliokaa wametawanyika maporini, huku Uha na huko Tabora, ikawakusanya katika vijiji vikubwa. Mashamba waliyoyaacha yakawa pori. Baadhi ya mapori hayo baadaye yaliwekwa kwenye ramani kama hifadhi za misitu na za wanyama.

Kwa hiyo mkimbizi wa 1972 alipoangusha mti wake wa kwanza, mara nyingi alikuwa anafungua nchi ambayo wengine waliondolewa kabla yake. Nililipoelewa hilo niliacha kusema "pori lisilo na mwenyewe".

Na serikali ya Mwalimu Nyerere ilikuwa na sababu zake. Sensa ya 1967 ilihesabu watu milioni 12 tu na kidogo Tanzania Bara na Visiwani. Magharibi palihitaji wakulima wa kufyeka vichaka na kumsukuma mbung'o nyuma, wa kuzalisha chakula na tumbaku. Kisha kumbuka kwamba miaka hiyohiyo Watanzania wenyewe walikuwa wanahamishwa. Kigoma ilikuwa na operesheni yake mwaka 1972, halafu nchi nzima ikafuata: watu watoke mashambani kwao, wakae kwenye vijiji vya ujamaa vilivyopangwa kwa mistari kandokando ya barabara. Mishamo ilipangwa hivyohivyo. Mrundi na Muha walikuwa wanapangiwa mahali pa kukaa ndani ya fikra moja. Mwalimu alipewa nishani ya Nansen mwaka 1983 kwa jinsi nchi yake ilivyopokea wakimbizi, na kwa maoni yangu alistahili. Ila ukisoma habari hiyo bila habari ya ujamaa na mbung'o, umesoma nusu.

Miti nayo ililipa. Tumbaku hukaushwa kwa moto kwenye mabani, na bani hula kuni kuliko jiko la mama yeyote. Udongo wa miombo huchoka haraka, mkulima akasogea mbele, akafyeka tena. Watoto wakazaliwa, ekari zikagawanywa.

Kisha mambo yakageuka. Aprili 1994 Wanyarwanda wapatao 250,000 walivuka Rusumo ndani ya takribani siku moja. Mwaka 1993 Warundi walikuwa wamekwisha kuja kwa wingi, na mwaka 1996 wakaja Wakongo kupitia ziwa; Nyarugusu ilifunguliwa mwaka huo. Miti ikaisha kuzunguka kambi za Ngara, na wenyeji wakalalamika, nao walikuwa na haki ya kulalamika. Siasa za vyama vingi zilikuwa zimeanza, ujamaa ulikuwa umekwisha, na pori sasa lilikuwa na bei: wawekezaji, hifadhi, wafugaji wanaotafuta malisho. Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 1998 ikaweka msimamo mpya. Mkimbizi akae kambini, asitoke bila kibali, ale posho. Mwaka 2022 sensa ilihesabu watu zaidi ya milioni 61, mara tano ya wale wa 1967. Kwa hiyo usifikiri kwamba wewe ni mvivu kuliko mzee wa Katumba, au kwamba yeye alipendwa zaidi. Mlifika nyakati mbili tofauti za ardhi ileile.

Wale wa sabini na mbili pia hawakufika mwisho wa safari. Mwaka 2007 Tanzania, Burundi na UNHCR ziliwauliza zaidi ya 200,000 wa makazi ya zamani: mnarudi, au mnaomba uraia? Wanne kati ya watano hivi walichagua uraia. Waombaji zaidi ya 160,000 walikubaliwa mwaka 2010, lakini kwa sharti la kuondoka kwenye makazi na kutawanywa mikoa mingine. Fikiria: umefyeka pori miaka 35, umezika wazazi pale, halafu karatasi inayokufanya mwananchi inakutaka uache shamba. Mpango ulikwama. Vyeti vilianza kutolewa mwaka 2014, na wengi wakabaki pale walipokuwa.

Waliorudi, zaidi ya 50,000, wengi walielekea Rumonge na uwanda wa Imbo kandokando ya ziwa. Walikuta michikichi ya serikali juu ya mashamba yao, au familia zilizogawiwa viwanja hivyo na dola baada ya 1972, nazo zina wajukuu. Sheria ya ardhi ya 1986 ilimpa nguvu mtu aliyekaa juu ya ardhi miaka 30. Tume ya ardhi iliundwa mwaka 2006 kusuluhisha. Kwingine waligawana shamba nusu kwa nusu, kwingine walikosana vibaya, na wasiojua kwao wakapelekwa kwenye vijiji vya amani.

Mbele ya tume, wengi hawakuwa na hati. Walikuwa na majina: jirani wa juu, jirani wa bonde, nani alipanda mstari wa miti ya mpaka, nani alishuhudia baba akinunua. Kwetu Fizi na Uvira pia ardhi nyingi haina karatasi. Kama nyumbani kwako kuna mzee, jioni hii mwombe ayataje majina hayo, nawe uyaandike kwenye daftari la shule, pamoja na jina la mto na la kilima. Daftari hilo liweke mahali pamoja na kadi ya familia.