Ronnie Milsap, Mwimbaji Kipofu wa Nyimbo za Shamba

Watu wa Tarasaa, Ngao na vijiji vingine vya delta ya Mto Tana wana sababu njema ya kujua kwamba wimbo wa shamba waweza kufika mbali kuliko mtu aliyeuanza. Ilipokaribia siku ya uhuru wa Kenya mwaka 1963, tume ya wanamuziki watano ilipewa kazi ya kutengeneza wimbo wa taifa. Sauti waliyoichagua haikutoka katika vitabu vya mabingwa wa Ulaya, wala katika bendi za mjini. Ilitoka katika wimbo wa Wapokomo, ambao akina mama wa mtoni waliwabembelezea watoto wao walale. Tangu hapo sauti ile imesikika mbele ya marais na majeshi, na katika viwanja vya michezo vya dunia nzima, na wengi waisimamao kwa heshima hawajui kwamba wanasimamia wimbo wa kumlaza mtoto.

Nimeanza na habari hii kwa kuwa mtu ninayetaka kumweleza alikuwa mwimbaji wa nyimbo za shamba vilevile, ila shamba lake ni la nchi nyingine. Muziki wake huitwa kantri. Ulikua katika milima na mabonde ya kusini ya Marekani, miongoni mwa wakulima, wachimba makaa na wafanyakazi wa reli. Fidla yake ilitoka Ulaya. Lakini banjo, chombo ambacho wengi hukidhani kuwa cha Wazungu, asili yake ni vyombo vya Afrika Magharibi ambavyo watumwa waliviunda upya ugenini. Muziki huo haukukawia kufika kwetu. Mwaka 1950 Hugh Tracey, aliyezunguka Afrika akikusanya nyimbo katika mashine yake, aliwakuta wasichana wa Kikipsigis wakimwimba mtu waliyemwita Chemirocha. Huyo alikuwa Jimmie Rodgers, mwimbaji wa kantri ambaye sauti yake waliisikia katika sahani za santuri. Katika masimulizi yao alikuwa kiumbe nusu mtu, nusu swala. Rodgers alikuwa amekwisha kufa tangu mwaka 1933, wala hakujua kamwe kwamba alipata ukoo mpya katika vilima vya Kenya.

Katika milima hiyo ya Marekani, kipofu alipewa fidla au gitaa kama vile mwingine alivyopewa jembe. Riley Puckett wa Georgia, kipofu tangu uchanga, alikuwa miongoni mwa waimbaji wa kwanza wa kantri kutoa sahani, mwaka 1924. Doc Watson wa North Carolina, aliyepofuka kabla hajafikisha miaka miwili, alitengeneza piano za watu na kupiga gitaa muda mrefu kabla dunia haijamjua. Kutokana na watu kama hao ikazuka kauli, ambayo hata kwetu husikika, kwamba Mungu akifunga macho hufungua masikio. Nilipokuwa kijana niliikubali. Sasa siikubali tena, na maisha ya Ronnie Milsap ni sababu moja ya kuikataa.

Alizaliwa tarehe 16 Januari 1943 katika mji mdogo wa Robbinsville, North Carolina, chini ya milima iitwayo Great Smoky. Macho yake yalikuwa na glakoma tangu tumboni, ugonjwa ambao wengine huuita presha ya macho. Mama yake, kama Milsap mwenyewe alivyosimulia katika kitabu cha maisha yake kilichotoka mwaka 1990, aliona upofu huo kuwa adhabu ya Mungu, naye hakutaka kumlea. Mtoto akapelekwa kwa babu na bibi yake upande wa baba. Walikuwa watu maskini sana, lakini walimlea kwa mapenzi. Msomaji asifanye haraka kumhukumu yule mama kana kwamba mambo hayo ni ya milimani Marekani tu. Ni vijiji vingapi vya mwambao wetu ambako mtoto asiyeona, au asiyeweza kutembea, hufichwa chumba cha ndani wageni wafikapo?

Alipokuwa na umri wa miaka sita babu yake alifanya jambo gumu. Alimtoa nyumbani akampeleka Raleigh, mji mkuu wa jimbo, yapata kilometa 500 kutoka Robbinsville, akamwacha katika shule ya serikali ya vipofu. Ndiyo shule aliyosoma Doc Watson kabla yake. Huko Milsap alianza kujifunza fidla akiwa na miaka saba, kisha piano, kisha gitaa. Walimu wake walimfundisha muziki wa mabingwa wa Ulaya kwa taratibu kali.

Hapa yafaa tueleze kidogo jinsi kipofu ajifunzavyo muziki kwa kusoma. Mfaransa Louis Braille, aliyepofuka utotoni kwa ajali katika karakana ya baba yake, alichapisha mwaka 1829 mwandiko wa nukta nundu, unaosomwa kwa ncha za vidole. Na nukta hizo huandika muziki kama ziandikavyo maneno. Lakini mpiga piano mwenye macho huangalia karatasi huku mikono yake miwili ikipiga. Kipofu hawezi. Husoma sehemu ya mkono wa kulia kwa kidole cha kushoto, akaipiga. Kisha husoma sehemu ya mkono wa kushoto kwa kidole cha kulia, akaipiga hiyo nayo. Kisha huziunganisha zote mbili kichwani, na hapo ndipo mikono yote huwa huru kupiga. Wimbo wa kurasa kumi ni kurasa kumi za kuhifadhi moyoni. Mtu asemaye kwamba masikio ya kipofu yamefunguliwa bure hajawahi kumwona mtoto wa miaka minane akiifanya kazi hiyo.

Kuna mambo mawili juu ya shule hiyo ambayo lazima yasemwe. La kwanza ni kofi. Milsap alikuwa na chembe ya nuru katika jicho moja, akiweza kutambua mwanga. Alipokuwa na umri wa miaka kumi na minne, mmoja wa walezi wa bweni alimpiga kofi la uso, na nuru ile ikazimika moja kwa moja. Shule iliyompa piano ndiyo iliyompokonya mwanga wake wa mwisho. Sijui mizani ya kupimia mambo mawili kama hayo, nami sitajaribu kuyapima.

La pili ni rangi. Katika zama hizo majimbo ya kusini ya Marekani yaliwatenga Weusi na Weupe kwa sheria, na sheria hiyo haikuwaacha vipofu. Mjini Raleigh watoto Weupe wasioona walikuwa na shule yao, na watoto Weusi wasioona walikuwa na yao mahali pengine. Watoto ambao hawakupata kuona rangi yoyote walitengwa kwa rangi. Mambo yalikuwa hayo hayo katika shule ya St. Augustine, Florida, alikosomea kijana mwingine kipofu, Mweusi, aliyezaliwa mwaka 1930. Jina lake Ray Charles, na baada ya muda tutamkuta tena.

Milsap alifaulu masomo, akaingia chuo cha Young Harris katika jimbo la Georgia. Washauri wake walimtaka asome sheria. Muziki, walisema, si kazi ya kumtegemeza mtu asiyeona, lakini wakili kipofu aweza kukaa ofisini akaheshimiwa. Shauri hilo halikuwa baya, na msaada wa masomo ya sheria katika Chuo Kikuu cha Emory, Atlanta, ulikuwa umekwisha patikana. Hata hivyo kijana alikuwa anapiga muziki usiku. Siku moja alipata nafasi ya kuonana na Ray Charles nyuma ya jukwaa, akampigia piano. Mkubwa yule alimsikiliza, akamshauri afuate muziki. Milsap akaiacha sheria. Tusisahau kwamba aliacha mkate ulio mkononi kwa ajili ya jambo asilolijua, na kwamba kipofu asiye na kazi katika nchi ile hakuwa na mengi ya kutegemea zaidi ya jamaa zake. Mwaka 1965 alimwoa Joyce Reeves, naye akawa mwenzake katika safari zote zilizofuata.

Mwaka huo huo wa 1965 alitoa sahani iliyopendwa na Weusi, na wengi walioisikia redioni walimdhania kuwa Mweusi. Mweupe akaimba kama Mweusi, na hakuna aliyetambua mpaka alipopanda jukwaani. Ukiligeuza jambo hilo upande wa pili utamkuta Charley Pride, mtoto wa mkulima wa pamba wa Mississippi, Mweusi, aliyeimba kantri vizuri hata kampuni yake ikatoa sahani zake za kwanza mwaka 1966 bila picha, ili wasikilizaji Weupe wampende kabla hawajamwona. Ray Charles naye alikuwa ametoa mwaka 1962 mkusanyo mzima wa nyimbo za kantri, ukanunuliwa kote duniani. Basi sheria ziliwatenga watu shuleni, mabasini na makanisani, lakini sauti zilipita juu ya ukuta kila usiku kwa njia ya redio.

Miaka ya Memphis nitaipita upesi. Milsap alipiga muziki katika vilabu vya usiku na studio, na mwaka 1969 piano yake ilitiwa katika wimbo mmoja wa Elvis Presley. Lakini jina lake lilibaki dogo. Aliyemgeuza njia ni yule Charley Pride. Alimsikia akiimba katika klabu moja ya Los Angeles, akamhimiza aende Nashville, mji wa kantri, akaimbe muziki wa kwao milimani. Mwaka 1973 Milsap alitia sahihi na kampuni ya RCA. Kwa hiyo huyu Mweupe wa milimani alirudishwa katika nyimbo za babu yake na Mweusi wa mashamba ya pamba, naye alikuwa amekwisha toka katika sheria kwa shauri la Mweusi kipofu. Sidhani kuna mwanahistoria wa kubuni ambaye angethubutu kuipanga hadithi hivyo.

Baada ya hapo mambo yalikwenda mbio. Mwaka 1974 wimbo wake "Pure Love" ulishika nafasi ya kwanza nchini katika kantri. Mwaka 1976 alipokewa katika Grand Ole Opry, baraza la waimbaji ambalo matangazo yake ya redio yalianza mwaka 1925. Mwaka 1977 chama cha muziki huo kilimtaja kuwa mtumbuizaji bora wa mwaka. Kwa hesabu ya jarida la Billboard, nyimbo zake 35 zilishika nafasi ya kwanza, na alipata tuzo sita za Grammy. Nyumbani alipenda kuzungumza na watu wa mbali kwa mitambo ya redio ya binafsi, na katika studio yake mjini Nashville alifahamu mashine zake kwa kuzipapasa. Mwaka 2014 jina lake liliingizwa katika jumba la heshima la wanamuziki wa kantri.

Kwetu Afrika Mashariki tunaye wa kumlinganisha naye. Mzee Morris Nyunyusa wa Tanzania, kipofu, alizipanga ngoma nyingi mbele yake akazipiga peke yake kama kundi zima, na mlio wa ngoma zake ukatumiwa na Redio Tanzania kutangulia taarifa ya habari. Mamilioni waliisikia mikono yake kila siku bila ya kujua jina lake. Yeye hakupelekwa shule ya nukta nundu. Nchini Kenya shule ya vipofu ilianzishwa Thika na Jeshi la Wokovu mwaka 1946, miaka michache kabla Milsap hajapelekwa Raleigh. Na mtoto wa Tana aliyetaka kufika huko alikuwa na safari ndefu kama ile ya kijana wa Robbinsville, na mto uliofurika njiani.

Joyce alifariki mwaka 2021. Tarehe 3 Oktoba 2023, akiwa na umri wa miaka 80, Milsap alifanya tamasha lake la mwisho mjini Nashville. Waimbaji wengi, wazee kwa vijana, walipanda jukwaani mmoja baada ya mwingine kuimba nyimbo zake, kisha akaimba mwenyewe. Kati ya nyimbo hizo kulikuwa na "Smoky Mountain Rain" ya mwaka 1980, ambayo watunzi wawili walimtungia makusudi kwa ajili ya milima aliyozaliwa. Ni habari za mtu arudiye kwao kutoka mbali, mvua ikinyesha, na amtafutaye haonekani. Mwaka 2010 baraza la kutunga sheria la jimbo la Tennessee lilikuwa limeutangaza wimbo huo kuwa mmoja wa nyimbo rasmi za jimbo.