Mwaka wa Kuzaliwa na Jina la Ukoo: Msimu wa 2011 wa Timu ya Besiboli ya Watoto kutoka Kampala

Utangulizi

Mwezi Julai 2011, timu ya besiboli ya watoto kutoka Kampala iliyoitwa Rev. John Foundation ilitwaa ubingwa wa kanda ya Mashariki ya Kati na Afrika katika mashindano yaliyofanyika Kutno, nchini Poland. Ubingwa huo uliipa haki ya kucheza fainali za dunia za Little League mjini Williamsport, jimbo la Pennsylvania, mwezi Agosti. Fainali hizo huchezwa tangu mwaka 1947, na hapakuwa na timu kutoka bara la Afrika iliyowahi kuzifikia. Timu haikusafiri. Serikali ya Marekani ilikataa kutoa viza kwa sababu ya hitilafu zilizoonekana katika nyaraka za umri na tarehe za kuzaliwa za baadhi ya wachezaji. Nafasi yao ilichukuliwa na timu ya Dhahran, Saudi Arabia, waliyokuwa wameishinda.

Kisa hiki kimesimuliwa mara nyingi kama habari ya michezo. Makala haya yanakitazama kama suala la lugha na historia. Hoja yetu ni kwamba njia iliyotumika kupima ukweli wa karatasi zile haikuwa na uwezo wa kutenganisha mambo mawili yasiyofanana: udanganyifu wa umri, na desturi halali ya Waganda na jirani zao ya kutaja jina na wakati wa kuzaliwa. Hatudai kwamba udanganyifu haukuwapo. Umri hudanganywa katika michezo ya vijana kila pembe ya dunia, na Uganda haijasalimika. Tunachodai ni kwamba hata pasipo mdanganyifu yeyote, karatasi nyingi za nyumba za Kampala zisingeshinda mtihani ule.

Mchezo wenye hofu ya umri

Kwanza tuutendee haki upande wa waandaaji. Kwa kanuni ya Little League ya miaka ile, mchezaji hakupaswa kuwa ametimiza miaka 13 kabla ya tarehe 1 Mei ya mwaka wa mashindano. Mwezi mmoja tu ulitosha kumtoa mtoto kikosini. Aidha, miaka kumi kabla ya kisa chetu, yaani 2001, timu moja ya Bronx, New York, ilifutiwa ushindi wake wote baada ya kubainika kuwa mrushaji wake hodari, Danny Almonte, alizaliwa 1987 katika Jamhuri ya Dominika, na sio 1989 kama karatasi zake zilivyosema. Tangu hapo cheti cha kuzaliwa kilichotoka ng'ambo kilitazamwa kwa jicho la shaka.

Hata hivyo, ni besiboli hiyohiyo ambayo mmoja wa magwiji wake wakubwa aliishi na umri usiojulikana. Satchel Paige alitamba katika ligi za Weusi kuanzia miaka ya 1920, zama ambazo ligi kuu zilikuwa za Wazungu peke yao. Alipoingia Cleveland mwaka 1948, mashabiki na waandishi walikuwa wakibishana kuhusu miaka yake, naye hakuona haja ya kuwatuliza. Cheti cha Mobile, Alabama, kinataja Julai 1906. Ubishi ule ukawa sehemu ya sifa yake, hata ukauza tiketi.

Msimu mzima nao unaweza kukosa karatasi. Mwaka 1920 Rube Foster alianzisha Negro National League, na timu yake mwenyewe, Chicago American Giants, ikashika ubingwa mwaka huo, 1921 na 1922. Michezo ilichezwa, tiketi zikauzwa, magazeti ya Weusi yakaandika. Lakini kwa wenye mamlaka ya besiboli misimu ile haikuhesabiwa kuwa ya ligi kuu hadi Desemba 2020, na takwimu zake zikaingizwa rasmi katika daftari moja na nyingine mwaka 2024. Karne moja ilipita kabla ya aliyeshika daftari kukubali kile ambacho mashahidi walikijua siku ileile. Tunaomba msomaji aukumbuke umbali huo kati ya shahidi na daftari tunaporudi Kampala.

Jina linalosonga

Fomu ya viza huuliza jina la ukoo, ikitarajia kwamba baba, mama na watoto watalishiriki. Waganda wana koo, na kila ukoo una hazina yake ya majina. Mtoto huchaguliwa moja kutoka humo. Baba na mwanawe, au ndugu wawili wa tumbo moja, wanaweza wasilingane hata kwa herufi moja ya jina, ilhali majina yote mawili ni ya ukoo mmoja. Juu yake huja jina la ubatizo au la Kiislamu. Mtu asiyeijua desturi hii akikuta baba na mwana wenye majina tofauti, ataandika pembeni mwa fomu kwamba kuna hitilafu.

Kisha kuna mapacha. Mwanamume akizaa mapacha huwa Ssalongo, na mke wake Nnalongo, na hadhi ya jina hilo hulifunika jina la awali hata majirani wapya wasilijue kamwe. Mtoto anayewafuata mapacha huitwa Kizza, na anayemfuata Kizza huitwa Kamya. Aliyewatangulia mapacha ni Kigongo, na hapa ndipo penye uzito wa hoja yetu: jina hilo mtoto hulipata baada ya wadogo zake kuzaliwa. Kadi ya kliniki inaweza kuwa na jina moja, na daftari la shule jina jingine, na yote mawili yakawa ya kweli kwa siku yalipoandikwa.

Tahajia nayo ina mchango wake. Mkutano wa mwaka 1947 uliidhinisha maandishi sanifu ya Luganda, ambamo konsonanti nzito huandikwa kwa herufi mbili. Makarani, mapadri na walimu hawakuifuata kanuni hiyo kwa usawa, wala hawaifuati leo. Ssekitoleko na Sekitoleko ni mtu yuleyule kwa sikio la Mganda. Kwa kompyuta ya ubalozi ni watu wawili.

Mwaka ni muda gani?

Swali la pili la fomu ni tarehe ya kuzaliwa. John Roscoe, mmisionari aliyeandika The Baganda (1911), alieleza kwamba mwaka wa Waganda ulikuwa wa miezi sita, kwa kuwa nchi ile hupata misimu miwili ya mvua. Msemaji wa Kiswahili hatashangaa sana: pwani ya Kenya bado husikika "mvua ya mwaka" kwa maana ya masika. Mzizi mmoja wa Kibantu umebeba msimu wa mvua kabla ya kubeba siku 365. Sisemi kwamba mzazi wa Kampala wa mwaka 2011 alihesabu miezi sita kuwa mwaka. Hesabu hiyo ilikwisha zamani shuleni na kanisani. Kilichobaki ni desturi ya kuifunga siku ya kuzaliwa na tukio, kama vile mvua, mavuno au msiba. Kumbukumbu ya namna hiyo ni thabiti kwa aliyeiishi, lakini haigeuki kirahisi kuwa tarehe na mwezi.

Buganda ilikuwa na usajili wake wa kuzaliwa. Katika sherehe ya okwalula abaana, kipande cha kitovu cha mtoto kilichohifadhiwa na mama kililetwa mbele ya wanaukoo ili kuthibitisha kwamba mtoto ni wao, na majina yakatolewa hapo hapo, mashahidi wakisikia. Usajili huo ulijibu swali "mtoto huyu ni wa nani?" kwa uangalifu mkubwa. Swali "alizaliwa tarehe ngapi?" halikuwa lake. Serikali ya kikoloni ilileta swali la pili bila kuwafikia watu wengi, na serikali huru zilirithi pengo hilo: utafiti wa kitaifa wa afya na idadi ya watu wa 2011, mwaka uleule wa kisa chetu, ulionyesha kuwa takribani asilimia 30 tu ya watoto wa chini ya miaka mitano walikuwa wamesajiliwa. Cheti cha mchezaji wa miaka kumi na miwili, basi, mara nyingi kilikuwa karatasi iliyotolewa miaka mingi baada ya tukio, kutokana na kumbukumbu ya mzazi, kwa ajili ya safari. Karatasi ya namna hiyo hailingani na kadi ya ubatizo hata mzazi akisema kweli tupu.

Baada ya Agosti

Mmarekani Richard Stanley, aliyefadhili mchezo huu nchini na kujenga viwanja vyake wilayani Mpigi, hakuuacha. Wala watoto wa Langley, British Columbia, ambao wangecheza na Waganda mchezo wa kwanza Williamsport, hawakuusahau: Januari 2012 walisafiri kuja Uganda, na mchezo uliopotea Agosti ukachezwa hapa. Uganda ilishinda 2–1. Hakuna daftari la fainali za dunia lenye matokeo hayo.

Mwaka huohuo timu ya Lugazi ilishinda tena Kutno, na safari hii viza zilitoka. Ilifungwa 9–3 na Panama na 12–0 na Mexico, kisha ikaifunga timu ya Gresham, Oregon, 3–2, ushindi wa kwanza wa timu ya Afrika katika viwanja vile. Mengi yaliandikwa kuhusu furaha ya Lugazi, na ilistahili. Lakini kanuni ya tarehe 1 Mei ilikuwa imekwisha kuwatoa wengi wa wale wa 2011, kwa kuwa mtoto wa miaka kumi na miwili hupewa msimu mmoja tu wa kuwa na miaka kumi na miwili.

Mwaka 2015 Bunge la Uganda lilipitisha Sheria ya Usajili wa Watu, ikaundwa mamlaka moja ya usajili na vitambulisho, NIRA. Agosti ya mwaka huo timu ya Uganda iliishinda Jamhuri ya Dominika 4–1 mjini Williamsport. Fomu za mamlaka mpya zina nafasi ya jina la ukoo na nafasi ya jina la kupewa. Kigongo anaandikwa wapi kati ya nafasi hizo mbili, na nani anamshauri karani anayeshika kalamu, ni kazi ambayo wanaisimu wa kanda hii bado hawajaombwa kuifanya, na hawana sababu ya kungoja kuombwa.