Injini za Mashua katika Mialo ya Kisumu

Vitu vingi viingiavyo nchini kutoka ng'ambo huhesabiwa bandarini, hutozwa ushuru, kisha husahauliwa. Ni wachache wanaojiuliza kwa nini kitu kile kile kiliagizwa kwa uchache zama moja na kwa wingi zama nyingine. Injini ndogo zifungwazo nyuma ya mashua zafaa kuulizwa swali hilo. Mtu asimamaye katika mwalo wa Dunga karibu na mji wa Kisumu, au Mbita, au Usenge, huzisikia zikinguruma, akadhani zimekuwapo siku zote. Kumbe zilibuniwa zaidi ya miaka 100 iliyopita, na kwa sehemu kubwa ya muda huo wavuvi wa upande wa Kenya wa Ziwa Victoria hawakuwa na njia ya kuzinunua. Insha hii yaeleza kwa nini zilichelewa, kwa nini baadaye zilikuja kwa wingi, na ni mzigo gani uliokuja pamoja nazo.

Kabla ya reli, ziwa lilikuwa na vyombo vyake. Wajaluo, Wasuba, Wasamia na majirani zao wa Uganda walitumia mitumbwi ya magogo, na mingine ya mbao zilizoshonwa kwa nyuzi za mimea, wakaisukuma kwa makafi. Reli kutoka Mombasa ilifika ukingoni mwa ziwa mwezi wa Desemba 1901, mahali palipoitwa Port Florence, ndipo Kisumu ya leo. Kwa njia hiyo mashine za majini zilianza kuingia kwa urahisi. Meli za mvuke kama Winifred na Sybil zilitoka Uingereza vipande vipande, zikapandishwa reli Mombasa, zikaunganishwa tena Kisumu. Lakini hizo zilikuwa mashine za reli na serikali, za kuchukua mizigo na abiria. Mvuvi alizitazama zikipita, akaendelea na kafi lake.

Miaka hiyo hiyo mambo mawili yalitokea mbali mbali. La kwanza ni kwamba mwaka 1905 nyavu za kutega za uzi wa kitani zililetwa katika ghuba ya Winam, iliyoitwa Kavirondo wakati wa ukoloni. La pili ni kwamba mwaka 1907 Ole Evinrude, fundi mzaliwa wa Norwei aliyekaa Milwaukee, Marekani, aliunda injini ya petroli iliyoweza kubebwa na mtu na kufungwa nyuma ya mashua; mwaka 1909 akaanza kuziuza. Nyavu zilienea upesi kutoka mwalo hata mwalo, lakini injini haikuonekana mikononi mwa wavuvi kwa miaka mingi. Tofauti yake ni rahisi kueleza. Wavu ukisha kununuliwa haudai kitu ila kushonwa unapotatuka. Injini hudai petroli na oili kila siku, hudai plagi na rafadha mpya, na hudai fundi. Tena ngege, samaki aliyependwa kuliko wote, alikuwa karibu na ukingo. Hapakuwa na haja ya kumfuata mbali.

Haja hiyo ilikuja kidogo kidogo. Nyavu zilipozidi, ngege walipungua. Mwaka 1927 na 1928 mtaalamu Mwingereza, Michael Graham, alilipima ziwa lote na uvuvi wake, akashauri matundu ya nyavu yasiwe madogo kuliko inchi 5. Wavuvi walianza kwenda mbali zaidi, lakini hata hapo upepo uliwatosha. Walikuwa wamejifunza kutweka tanga la pembe tatu, mfano wa matanga ya majahazi ya pwani. Usiku na alfajiri upepo huvuma kutoka nchi kavu kwenda ziwani, na mchana hugeuka ukavuma kutoka ziwani kuja nchi kavu. Basi mvuvi alichukuliwa na upepo mmoja akarudishwa na mwingine, wala hakulipa senti.

Kulikuwa na kizuizi kingine ambacho wauzaji wa injini hawakukiona mara moja. Chombo kilichoenea ziwani, kijulikanacho kwa jina la visiwa vya Sesse vya Uganda, kilikuwa na ncha mbele na nyuma. Injini haikai juu ya ncha; yataka ubao mpana ulio wima katika tezi. Ilikuwa lazima fundi seremala abadili umbo la chombo, aikate tezi iwe bapa, na kuikaza kwa mbao nene ili isipasuke kwa mtetemo. Hivyo kitu kilichotoka ng'ambo hakikuweza kutumika mpaka ufundi wa nyumbani ulipokitengenezea mahali. Hata leo wanaohesabu vyombo vya ziwa hutofautisha Sesse zenye ncha mbili na Sesse zenye tezi bapa.

Katika miaka ya 1950 na 1960 maofisa wa uvuvi waliwahimiza wavuvi kutumia injini. Zilizojulikana wakati huo zilikuwa za Kimarekani, kama Evinrude na Johnson, na za Kiingereza, kama Seagull. Mwaka 1960 kampuni ya Yamaha ya Japani ilitoa injini yake ya kwanza ya mashua, na baada ya miaka kupita Wajapani wakalishika soko la Afrika Mashariki. Injini zao zilikuwa nyepesi kutengeneza, na vipuri vyake vikapatikana. Mwagizaji mwenye akili hujua kwamba haagizi mashine moja tu. Huagiza pia kila parafujo itakayohitajika baadaye.

Lakini hata mashine nzuri haijinunui yenyewe. Ngege na samaki wengine waliuzwa katika masoko ya jirani, na wengi wao walikaushwa kwa jua au kwa moshi. Samaki aliyekaushwa aweza kuungoja upepo; akichelewa siku moja bei yake haiharibiki sana. Maadamu biashara ilikuwa hiyo, injini ilikuwa gharama isiyo na faida ya kutosha.

Aliyebadili hesabu hiyo ni samaki mgeni. Mbuta aliingizwa ziwani upande wa Uganda katika miaka ya 1950, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 akatiwa pia katika maji ya Kenya. Kwa muda alikuwa haba, kisha katika miaka ya 1980 akajaa ziwani, na samaki wengi wa asili wakapungua au kutoweka. Viwanda vya kukata minofu vilijengwa Kisumu na miji mingine ya ziwa, na minofu ikapelekwa Ulaya na kwingineko. Sasa, mbuta wa kiwandani hakaushwi. Hutakiwa mbichi, juu ya barafu, na barafu haingoji upepo. Mbuta naye hupatikana maji makuu, mbali na ukingo. Mambo hayo mawili, umbali na barafu, ndiyo yaliyomfanya mvuvi aitafute injini, na ndiyo yaliyompa mfanyabiashara sababu ya kuagiza nyingine.

Hata hivyo, kuagiza hakukuwa huru. Kwa miaka mingi baada ya uhuru mwagizaji wa Kenya alihitaji leseni, na fedha za kigeni zilitolewa kwa kibali. Vizuizi hivyo vililegezwa hatua kwa hatua, na mwaka 1993 leseni za kuagiza bidhaa ziliondolewa. Mwaka uliofuata mkataba wa kuunda Shirika la Uvuvi la Ziwa Victoria ulitiwa sahihi mjini Kisumu na Kenya, Uganda na Tanzania, na toka mwaka 2000 nchi hizo zikawa zikihesabu pamoja vyombo vyao. Mwaka 2000 ziwa zima lilikuwa na vyombo zaidi ya 42,000, na injini 4,000 na ushei. Yaani haikufika injini moja kwa kila vyombo kumi. Mwaka 2006 vyombo vilikaribia 69,000, na injini zilipita 12,000. Katika muda wa miaka sita vyombo havikufika hata mara mbili ya vile vya awali, lakini injini ziliongezeka karibu mara tatu.

Nani alizilipia? Hapa ndipo penye jambo la kuangaliwa kwa makini. Mvuvi wa kawaida hana akiba ya kununua injini ya nguvu za farasi 15, wala 40, kwa fedha taslimu. Wengi walipata vyombo, nyavu na injini kwa mkopo wa mawakala walionunua samaki kwa ajili ya viwanda, kwa sharti kwamba samaki wote wauziwe wakala yule yule. Aliyekopesha ndiye aliyepanga bei. Kila safari gharama ya mafuta hutolewa kwanza katika pato, ndipo mwenye chombo na mabaharia wagawane kilichobaki. Siku ya samaki wachache mafuta hulipwa vile vile, na baharia hurudi nyumbani mikono mitupu. Wahenga walisema, kukopa harusi, kulipa matanga.

Jinsi deni hilo lilivyokuwa zito ilionekana wazi soko lilipotikisika. Kati ya mwaka 1997 na 2000 Umoja wa Ulaya ulizuia samaki wa ziwa hili zaidi ya mara moja, kwa hofu ya kipindupindu na baadaye ya sumu ya dawa za wadudu. Miaka hiyo hiyo magugumaji yaliifunika sehemu kubwa ya ghuba ya Winam, yakazinasa rafadha na kuzifunga bandari. Injini zilibaki zile zile, mikopo ikabaki ile ile, lakini samaki hawakuwa na mnunuzi. Tena mashine iliwafikisha watu mbali kuliko mipaka yao. Kenya ina karibu asilimia 6 tu ya ziwa. Mwenye injini huivuka sehemu hiyo kwa saa chache. Ugomvi wa Kenya na Uganda juu ya kisiwa kidogo cha Migingo, uliopamba moto mwaka 2009, ulikuwa kwa hakika ugomvi wa maji yenye mbuta. Nao wezi wa ziwani walijua thamani ya kitu hicho: mara nyingi huiacha mashua na kuichukua injini.

Siku hizi biashara hii yageuka tena. Injini nyingi za ziwani ni za aina ya kale inayochoma petroli iliyochanganywa na oili, na sehemu ya mafuta hayo hutoka bila kuungua ikaingia majini. Marekani ilitoa kanuni dhidi ya moshi na uchafu wa injini za mashua mwaka 1996, na Ulaya ikafuata. Lakini injini hizo ziliendelea kuundwa kwa ajili ya nchi kama zetu, kwa kuwa ni rahisi na imara. Katika miaka ya 2020 injini za umeme zimeanza kuonekana Mbita na mialo mingine ya Homa Bay, nazo hukodishwa pamoja na betri zake. Mvuvi halazimiki kununua mashine. Hulipa kodi ya matumizi.

Huenda mpango huo ukamfaa, na huenda ukawa deni jingine lenye sura mpya. Utajulikana kwa maswali yale yale: samaki wako wangapi, bei hupangwa na nani, na siku ya wavu mtupu nani hulipa? Kijana atakayekuwa mfanyabiashara, ofisa wa uvuvi au mwenye mashua na ayaulize kabla sanduku halijafunguliwa. Bei iliyoandikwa juu ya sanduku ni sehemu ndogo tu ya gharama ya injini. Sehemu iliyobaki hulipwa ziwani, safari baada ya safari.