Kilimatinde na Maana ya Mji

Miaka kadhaa iliyopita nilipewa kazi ya kufasiri habari fupi juu ya kijiji kimoja kidogo cha Sweden. Habari yenyewe haikuzidi kurasa tatu, nami nilidhani ningeimaliza kwa jioni moja. Sentensi ya kwanza peke yake ilinishika siku mbili. Ilisema kwamba mahali hapo, penye wakazi mia mbili na kitu, ni *tätort*. Makamusi niliyokuwa nayo yalinipa neno la mjini. Lakini nikiandika "mji", msomaji wa Unguja atacheka: mji gani huo wa watu mia mbili, ilhali arusi moja ya Makunduchi hukusanya watu zaidi ya hao? Nikiandika "kijiji", nitakuwa nimesema uongo, kwa kuwa katika hesabu za Waswidi mahali hapo pamekwisha kuvuka mpaka na kuingia upande wa pili.

Sisi ambao hatukusomeshwa lugha darasani tuna desturi moja: neno likitushinda, hutafuta kitu chenyewe kabla ya kulitafutia jina. Nikatafuta. Mwaka 1960 nchi za kaskazini ya Ulaya zilikubaliana juu ya kipimo kimoja. Nyumba zikikaribiana, ikawa baina ya moja na ya pili hapazidi mita 200, na wanaokaa humo wakiwa si chini ya 200, basi mahali hapo ni pa mjini. Baadaye Waswidi wakatunga na jina jingine la mahali penye watu 50 hadi 199. Mpimaji ni ofisi ya takwimu. Watu wakipungua, jina huondoka, wakizidi, hurudi. Hapana waziri anayetangaza, wala bendera inayopandishwa. Cheo cha "mji" kilichokuwa kikitolewa na wafalme wao tangu zamani kilifutwa katika sheria mwaka 1971, na kila serikali ya mtaa, iwe ya jiji kubwa au ya msituni, ikapewa jina lile lile.

Nilipofika hapo nikaweka kalamu chini, kwa sababu nilikumbuka Kilimatinde.

Kilimatinde ipo wilaya ya Manyoni, mkoa wa Singida, juu ya ukingo wa Bonde la Ufa. Ukisimama ukingoni ukatazama mashariki, nchi ya Bahi umetandikiwa chini kama jamvi. Sehemu hizo wazee wetu wa pwani walizijua vyema. Misafara iliyotoka Bagamoyo ilivuka Ugogo ikilipa hongo kwa watemi, na wakati ule hongo ilikuwa ushuru wa njia, haijawa bado jina la rushwa. Kisha ilipanda na kuingia katika nyika iliyoitwa Mgunda Mkali, pori la miiba na uhaba wa maji lililotenga Ugogo na Unyamwezi. Burton na Speke walipita huko mwaka 1857, wakiongozwa na watu waliokuwa wakisema Kiswahili hiki hiki tunachokiandika. Wajerumani walipokuja katika miaka ya 1890 walijenga kituo cha kijeshi Kilimatinde, wakapafanya makao ya wilaya kubwa. Katika ramani za wakati huo jina lake limeandikwa kwa herufi za kutosha kusomwa kutoka mbali. Palikuwa na boma, askari, maduka na barua. Kwa kila kipimo cha siku zile, Kilimatinde ilikuwa mji.

Kisha ikaja reli. Reli ya Kati ilifika Dodoma mwaka 1910, na Tabora mwaka 1912. Baina ya miaka hiyo miwili ilipita wilayani humo, lakini wahandisi hawakutaka kuupandisha mlima ule kwa upande wa Kilimatinde. Waliipitisha Saranda, ikapanda hadi Manyoni. Hapana vita vilivyopiganwa wala tauni iliyoshuka. Ni njia tu iliyochepuka. Waingereza walipotawala baada ya vita vikuu vya kwanza, makao ya wilaya yakawa Manyoni, penye stesheni. Kilimatinde ilibaki na hospitali ya kanisa la Kianglikana, ambayo hadi leo watu huijia kutoka mbali, na ilibaki na jina lake. Boma lilipoondoka, mji nao uliondoka, ingawa watu walikuwapo.

Wala Kilimatinde si peke yake mkoani humo. Mkalama, katika nchi ya Wanyiramba, nayo ilikuwa na boma la Wajerumani. Mtaalamu wa jiografia Erich Obst aliyefika huko kabla ya vita aliandika juu ya safari yake kutoka Mkalama kwenda kwa Wahadzabe, na mwaka 1912 jina la Mkalama lilisomwa hadi Hamburg. Utawala ulipohama, Mkalama ikasahauliwa. Ilipofika mwaka 2012 iliundwa wilaya mpya ikaitwa Mkalama, lakini makao yake yakawekwa Nduguti. Jina lilifufuka, mji haukufufuka nalo. Tena ipo Kinyangiri: katika miaka ya 1930 Waingereza walijenga tawi la reli kutoka Manyoni kupitia Singida hadi hapo, na katika miaka ya 1940 waking'oa vyuma vyao wakaenda navyo. Mahali palipokuwa mwisho wa reli pakawa mwisho wa njia. Reli ilirudishwa hadi Singida mwishoni mwa karne ya ishirini, lakini Kinyangiri haikufikiwa tena.

Haya yote yanatuonyesha jambo moja. Katika nchi yetu mji hufuata boma. Hata sensa zetu zimekwenda kwa mwendo huo: makao makuu ya mkoa na ya wilaya huhesabiwa mjini kwa kuwa ni makao makuu, kisha huongezwa maeneo mengine ambayo wahusika wameyaona yana sura ya mji. Mswidi huhesabu watu na hatua za miguu baina ya nyumba. Sisi huanza kwa kuuliza ofisi iko wapi.

Je, lugha yetu nayo inasemaje? Hapa msomaji wa mashairi ana haki ya kusikilizwa kabla ya mwanasheria. Neno "mji" ni la kale kuliko boma lolote. Kwa ndugu zetu Wamijikenda *mudzi* ni makazi ya ukoo, na Wazulu kule kusini humwita *umuzi* uwanja wa nyumba za mtu na watoto wake. Sisi wenyewe tunasema "mji wa mimba" kwa tumbo linalombeba mtoto, na mwanamke anaponunua kanga hutazama pindo, husoma jina, na ile sehemu ya kati iliyozungukwa na pindo huiita mji. Katika maana zote hizo mji ni mahali palipozungukwa pakahifadhi watu, hata wakiwa wawili, hata akiwa mmoja ambaye bado hajazaliwa. Neno "kaya" limefanya safari kinyume chake. Kwa Wamijikenda kaya ilikuwa boma zima la msituni, lenye malango na makaburi ya wazee; kwa karani wa sensa wa Tanzania kaya ni watu wanaokula chungu kimoja.

Hata hapa kisiwani tumewahi kuligawa neno hilo kwa kisu. Mtu wa Ng'ambo alipovuka Darajani alisema anakwenda mjini, ingawa alitoka penye nyumba zilizobanana kama meno. Mkono wa bahari uliowatenga ulifukiwa katika karne iliyopita, na wa Ng'ambo wakawapita wa ndani kwa wingi, lakini desturi ya kusema ikabaki. Mji ulikuwa pale penye mawe, ofisi na forodha. Ng'ambo ilihesabiwa kwa kile ilichokuwa ng'ambo yake.

Turudi Singida. Wanyaturu, Wanyiramba na Wagogo waliishi kwa kuachana, kila mwenye tembe na mashamba na ng'ombe wake, na kutoka kwa jirani hadi kwa jirani ulikuwa mwendo. Kipimo cha mita 200 kingewakuta wachache. Mwezi Novemba 1973 Mwalimu Nyerere alitangaza kwamba ifikapo mwisho wa 1976 kila mtu wa vijijini awe anaishi katika kijiji. Ikaja Operesheni Vijiji, watu wakahamishwa, wengine kwa ridhaa na wengi bila ya ridhaa, na sheria ya mwaka 1975 ikaweka idadi: kijiji kisipungue kaya 250. Hivyo kijiji nacho, ambacho tulidhani ni kitu cha asili kama mbuyu, kilizaliwa kwa kalamu.

Msomaji asidhani kwamba Ulaya haikupita huko. Sweden ilifanya jambo hilo hilo kwa kuligeuza. Wakulima wao walikuwa wakiishi pamoja, nyumba kwa nyumba, mashamba yao yakiwa vipande vipande vilivyochanganyika. Kwa sheria za karne ya kumi na tisa, khasa ile ya mwaka 1827, mashamba yaliunganishwa na vijiji vikavunjwa. Watu walibomoa nyumba zao za mbao gogo kwa gogo, wakaenda kuzisimamisha upya kila mmoja katika shamba lake. Wao walitawanywa ili walime vyema. Sisi tulikusanywa ili tulime vyema. Serikali zote mbili zilikuwa na hakika.

Huenda mtu akasema: majina ni majina, mwenye shamba atalima lolote atakaloitwa. Laiti ingekuwa hivyo. Kwa Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya mwaka 1999, ardhi ya kijiji husimamiwa na halmashauri ya kijiji kwa niaba ya wanakijiji, na mkutano mkuu wa kijiji, yaani kila mtu mzima anayeishi hapo, una sauti katika kuigawa. Mama mwenye jembe lake anaweza kusimama akasema hapana, na neno lake likaandikwa. Siku kijiji kinapotangazwa kuwa sehemu ya mji, mkutano ule huisha. Kijiji huwa mtaa, na mtaa una mwenyekiti lakini hauna ardhi. Wapimaji hufika na vigingi, shamba huwa viwanja, na aliyelala mkulima huamka mkazi wa mjini bila ya kuhama hatua moja. Mbuzi wake jana walikuwa mali, leo ni kero chini ya sheria ndogo za mji.

Hata taa hutegemea neno. Mwaka 2022 kuunganishiwa umeme kijijini kulikuwa shilingi 27,000, na mjini shilingi 320,960. Tofauti hiyo ni bei ya ng'ombe. Nyumba mbili za tope zenye bati moja moja zingeweza kutazamana juu ya mpaka usioonekana, moja ikilipa mara kumi na zaidi ya mwenzake. Katika mkoa kama Singida, uliokuwa na watu 1,370,637 katika sensa ya 2012 na ukafikia 2,008,058 katika ile ya 2022, mipaka ya namna hiyo haitaacha kusogea. Penye njia kuu magari ya mizigo hulala, penye magari huja mama lishe, penye mama lishe huja fundi na duka la dawa. Mji huzaliwa kabla ya kuandikwa, kama ulivyoweza kuandikwa ukafa.

Simtaki mtu yeyote aige hesabu ya Waswidi. Watu 200 huko ni wengi, kwetu ni ukoo mmoja. Na Umoja wa Mataifa nao, ulipopitisha kipimo chake mwaka 2020, uliweka watu 5,000 kwa mji mdogo na 50,000 kwa jiji, pamoja na wingi wao katika kila kilomita ya mraba. Idadi yoyote ni ya kukubaliana. Ninachokitamani kwao ni kimoja: wametenga kuhesabu na kumiliki. Mahali panapoingia katika daftari la miji, hapana anayepoteza shamba lake kwa sababu ya daftari hilo. Kwetu hesabu, heshima na haki vimefungwa katika neno moja, na anayelishika neno huvishika vyote vitatu. Kwa hiyo kabla ya kijiji kuitwa mji, ingefaa wenyewe waulizwe katika ule mkutano wao mkuu, wakiwa bado wanao, wanalichukua jina hilo kwa masharti gani.

Ama ile tafsiri yangu, mwishowe niliandika "mahali pa nyumba zilizokaribiana". Mhariri aliniambia ni ndefu. Nilimjibu kwamba neno fupi limekwisha kuchukuliwa, na kwamba wako watu Kilimatinde walionyang'anywa hilo fupi bila ya nyumba yao hata moja kusogea.