Jina la Tatu

Karani aliliangalia jina langu la tatu kwa muda mrefu kuliko alivyoniangalia mimi. "Hili ni la kabila gani?" Nikamjibu kwamba sisi ni watu wa Freretown. Akacheka. "Huo ni mtaa, dadangu, si kabila."

Nilikuwa na miaka 18 na nilikuwa nimekwenda kuomba kitambulisho. Sasa nina 26, ninasomea shahada ya uzamili katika historia, na swali lile la karani ndilo limegeuka tasnifu yangu. Jina lenyewe sitaliandika hapa. Tunaolitumia ni wengi, na si wote wanaopenda kuonekana magazetini. Itoshe kusema kwamba ni jina la Kiingereza, la kuandikwa kwa rangi ya dhahabu kwenye mlango wa wakili kule London, na kwamba katika ukoo wetu mzima hakuna Mwingereza hata mmoja.

Mwaka 1873 Bartle Frere, aliyewahi kuwa gavana wa Bombay, alitumwa Unguja kumshinikiza Sultan Barghash akomeshe biashara ya watumwa kwa njia ya bahari. Mkataba ukatiwa saini mwaka huohuo, soko likafungwa. Lakini majahazi yaliendelea kupita kwa siri, manowari za Kiingereza ziliendelea kuyakamata, na watu waliotolewa humo walihitaji pa kushukia. Ndipo mwaka 1875 Church Missionary Society ilipoanzisha makazi ng'ambo ya kisiwa cha Mombasa, upande wa kaskazini, ikayaita kwa jina la Frere. Kengele ya misheni ndiyo iliyoacha jina la Kengeleni, ambapo leo makanga hugonga bodi ya matatu na kuita abiria wa Kisauni.

Walioshuka pale walikuwa Wayao, Wamakua, Wanyasa, Wangindo, wengi wao watoto. Na walishuka wakiwa tayari wamepitia majina. Pwani, mtumwa aliyenunuliwa alipewa jina jipya na bwana wake: Mabruki, Baraka, Faraji, Feruzi, Almasi. Ni majina mazuri, ya heri na ya vito. Kilichokosekana ni "bin". Muungwana alikuwa fulani bin fulani. Mtumwa alikuwa Feruzi wa fulani, basi. Ukiyasoma orodha za wapagazi wa safari za bara za karne ya 19 utawakuta hawa kwa wingi, jina mojamoja, kama watu waliozaliwa bila baba. Anayejulikana zaidi kati yao, Myao aliyetekwa angali mtoto, akauzwa na kupelekwa India, alirudi Unguja akiwa huru na akawaongoza Burton na Speke mwaka 1857. Dunia inamjua kwa jina la Sidi Mubarak Bombay. Mubarak ni baraka, Bombay ni bandari. Jina aliloitwa na mama yake halimo.

Wamisionari nao walibatiza. Lilikuwa jambo la kawaida katika shirika hilo kumpa mtoto aliyekombolewa jina la mfadhili au la mchungaji fulani wa Uingereza. Ajayi, Myoruba aliyeokolewa baharini na kupelekwa Sierra Leone, alibatizwa mwaka 1825 kuwa Samuel Crowther, jina la mchungaji wa London. Kwetu walikuja akina William Jones, Ishmael Semler na Jacob Wainwright, Waafrika waliosomeshwa Nasik, India. Wainwright ndiye aliyelisindikiza jeneza la Livingstone hadi Westminster Abbey mwezi Aprili 1874. Nilipoanza utafiti nilikuwa na hasira tayari, nimeipanga vizuri katika sura tatu: bwana Mwarabu aliwafuta jina, Mzungu akawafuta tena.

Hasira hiyo ilitiwa dosari na watu wawili.

Wa kwanza ni Matthew Wellington. Alikuwa miongoni mwa watu wa Nasik walioubeba mwili wa Livingstone kutoka bara hadi pwani, naye aliishi Mombasa mpaka alipofariki mwaka 1935. Jina lake la Kiyao lilikuwa Chengwimbe, nasi tunalijua kwa sababu yeye mwenyewe hakulisahau. Kwa hiyo si kweli kwamba majina yalifutwa. Mengine yalikaa vichwani mwa wenyewe miaka 60 na zaidi, yakingoja mtu aulize.

Wa pili ni mzee Mbotela, naye Myao, ambaye jina lake lilivuka bahari likatua Freretown likiwa zima. Mwanawe, James Mbotela, akaandika Uhuru wa Watumwa, kitabu kilichochapishwa mwaka 1934. Wa ukoo huohuo ni Leonard Mambo Mbotela, ambaye Wakenya wa umri wa wazazi wangu walikua wakimsikiliza redioni katika kipindi cha "Je, Huu Ni Ungwana?" Nimekisikia tangu utotoni bila kukifikiria. Muungwana, katika Kiswahili cha zamani cha pwani, ni yule asiye mtumwa. Na mtu wa uzao wa mateka akawa anaiuliza nchi nzima, wiki baada ya wiki, kama huu ni ungwana. Siku nilipolitambua hilo nilifunga kompyuta nikatoka nje kutembea.

Kwa nini Mbotela alibaki na jina lake na babu yetu hakubaki? Katika ukurasa wa kwanza wa Biblia ya nyumbani, babu wa babu yangu ameandikwa jina la Kikristo, jina la Kiingereza, kisha neno moja: "Myao". Hakuna zaidi. Ama hakuna aliyemwuliza, ama aliulizwa akakataa kusema. Zamani niliamini la kwanza. Siku hizi nadhani mtoto aliyenyang'anywa kila kitu anaweza kuwa na kitu kimoja asichotaka kiandikwe na mtu.

Mwaka huu kaka yangu alipata binti, akasema jina la ukoo halitafika kwa mwanawe. Amechoka kuulizwa maswali kila anapotafuta kazi. "Wewe ndiye msomi wa mambo haya," akaniambia. "Nitafutie jina letu."

Sikuwa nalo. Kwa aibu nikapendekeza Chengwimbe. Angalau ni la Kiyao, angalau ni la hapa. Bibi, aliyekuwa amempakata mtoto, hakuinua hata uso.

"Huyo ni babu wa watu. Utawaibia watu babu yao?"

Kisha akasema kwamba yeye ameolewa hapa kutoka Rabai, amelibeba jina hili zaidi ya miaka 50, amelizika mara tatu pale makaburini, na hajawahi kuliona kuwa la Mzungu. Alilitamka. Analitamka kama Kisauni nzima inavyolitamka, likiwa na irabu mwishoni na ile "th" ya katikati ikiwa imegeuka "z". Mwingereza yeyote angelisikia asingejua kwamba ni lake.

Kaka alikaa kimya, kisha akachukua kalamu akalijaza kwenye fomu ya mtoto hivyohivyo, kwa tahajia ya Bibi.

Wiki chache baadaye cheti cha kuzaliwa kilitoka. Mtu fulani huko ofisini alidhani tumekosea kuandika, akalisahihisha jina liwe la Kiingereza safi. Kaka alitukana, kisha akacheka. Bibi, ambaye macho yake hayaoni vizuri, aliniomba nimsomee. Nikamsomea kama kilivyoandikwa, naye akanisahihisha.